Motokaa ya Laki Moja



Katika mazungumzo yetu ya historia tumezoea kusimulia habari za wafalme, za vita na za mabaharia. Leo tumechagua habari za kitu ambacho kila mmoja wetu amekiona kikipita njiani, na wengi wetu tumekitamani, nacho ni motokaa. Wala hatutasema habari za motokaa za matajiri, maana tajiri hakukosa kipando katika zamani zo zote. Kama hakuwa na motokaa alikuwa na farasi, na kama hakuwa na farasi alichukuliwa juu ya mabega ya watu. Twataka kusema habari za motokaa iliyotengenezwa kwa ajili ya mtu wa kati, yaani karani, mwalimu, fundi na mwenye duka dogo. Mtu asiye maskini wa kuomba, wala si tajiri, bali amesimama katikati ya ngazi na macho yake yanatazama juu.

Swali letu ni hili: motokaa ikifanywa rahisi, je, humpandisha mtu huyo? Swali hili limejaribiwa katika nchi tatu, India, Marekani na Ujerumani, na majibu yaliyopatikana hayakuwa sawa. Tutaanza na India, kwa kuwa habari zake ni za karibu zaidi. Kisha tutarudi nyuma miaka mia, ili tupate kuielewa vema.

Bwana Ratan Tata, aliyekuwa mkuu wa kampuni kubwa ya Tata ya Bara Hindi, alisimulia mara nyingi jinsi alivyoona jamaa ya watu wanne juu ya skuta moja. Baba alikuwa akiendesha, mtoto amesimama mbele yake, na mama amekaa nyuma amempakata mtoto mchanga. Mvua ilikuwa ikinyesha, na barabara inateleza. Picha ile ni ya kila siku katika miji ya India, wala mtu hageuki kuitazama. Lakini Bwana Tata aliitazama, akajiuliza kama haiwezekani kuwapa watu wale kipando chenye paa na milango kwa bei wanayoiweza. Mwaka 2003 akataja hadharani bei aliyoikusudia, rupia laki moja. Na hilo neno laki, sisi Waswahili na Wahindi twalitumia sawa sawa, yaani 100,000.

Tarehe 10 Januari 1908 ilikuwa bado miezi kadha kabla ya motokaa ile mashuhuri ya bei nafuu kutoka Detroit. Tarehe 10 Januari 2008, miaka mia kamili baadaye, Bwana Tata aliingia katika maonyesho ya motokaa mjini New Delhi akiendesha motokaa ndogo aliyoiita Nano. Alisema kwamba ahadi ni ahadi. Sisi tungalisema, ahadi ni deni. Gazeti baada ya gazeti likaandika kwamba motokaa rahisi kuliko zote duniani imezaliwa. Baada ya miaka kumi motokaa hiyo ikakoma kutengenezwa, kwa kuwa watu hawakuinunua. Ilikuwaje basi kitu kilichotakiwa na wengi kukosa wa kukichukua? Ili kujibu, twende kwanza Detroit.

Henry Ford alizaliwa mwaka 1863, mwana wa mkulima katika jimbo la Michigan. Tangu utoto hakuipenda kazi ya shamba, bali alipenda mashini. Mwaka 1903 alianzisha kampuni yake, na mwezi wa Oktoba 1908 akatoa motokaa yenye jina la Model T, kwa bei ya dola 850. Siku zile motokaa nyingi zilikuwa vitu vya anasa. Hii ilikuwa nyepesi, ngumu, imeinuka juu ya ardhi ili ipite katika njia mbaya za mashamba, na mkulima mwenye nyundo na spana aliweza kuitengeneza mwenyewe ikiharibika.

Mwaka 1913, katika kiwanda chake cha Highland Park, Ford na mafundi wake waliibadili namna ya kufanya kazi. Hapo kwanza chasisi ilikaa mahali pamoja na mafundi wakaizunguka. Sasa chasisi ilivutwa polepole mbele ya mafundi waliosimama, kila mtu akaongeza kitu kimoja tu, kisha ikapita kwa mwenziwe. Kazi iliyokuwa ikichukua saa 12 na nusu ikawa yamalizika kwa saa 1 na dakika 33. Bei ikaanza kushuka mwaka hata mwaka, na mwaka 1925 Model T ya namna iliyo rahisi iliuzwa kwa dola 260.

Watu wengi wakisimulia habari hizi huishia hapo, wakidhani siri yote ilikuwa bei. Lakini kuna jambo la pili. Kazi ile ya kukaza nati moja kutwa nzima iliwachosha watu roho, nao wakaiacha kwa wingi. Katika mwaka 1913 kampuni ililazimika kuandika watu zaidi ya 50,000 ili nafasi 14,000 hivi zisikae tupu. Ndipo tarehe 5 Januari 1914 Ford akatangaza kwamba ujira utakuwa dola 5 kwa siku ya saa 8, hali ujira wa kawaida pale ulikuwa dola 2 na senti 34. Asubuhi ya pili yake maelfu ya watu walisongamana mlangoni pa kiwanda katika baridi kali.

Dola 5 zile hazikutolewa bure. Karibu nusu yake ilihesabiwa kuwa fungu la faida, na ili mtu apate fungu hilo alikaguliwa nyumbani kwake. Wakaguzi waliuliza: je, analewa? Anaweka akiba? Nyumba yake ni safi? Wengi waliona uchungu kuulizwa hivyo, lakini walivumilia kwa ajili ya watoto wao.

Sasa tufanye hesabu. Kwa ujira wa zamani, bei ya dola 850 ilikuwa ni ujira wa siku 363. Kwa ujira wa dola 5, bei ya dola 260 ilikuwa ni ujira wa siku 52. Bei ilishuka na ujira ulipanda, vitu hivyo viwili vikakutana katikati, na pale vilipokutana ndipo alipozaliwa mtu mpya, mfanya kazi wa kiwanda aliyeweza kununua kitu kile kile alichokifanya kwa mikono yake. Hata mwaka 1927 zilikuwa zimekwisha tengenezwa Model T zaidi ya milioni 15. Mke wa mkulima aliyekuwa akienda mjini mara moja kwa mwezi sasa alikwenda kila Jumamosi. Daktari alifika kabla mgonjwa hajafa. Na mtoto wa shamba aliweza kusoma katika shule kubwa iliyokuwa mbali na kwao.

Pamoja na bei na ujira kuna jambo la tatu, nalo ni heshima. Hapa hatuna mfano ulio bora kuliko ule wa Wamarekani weusi. Katika majimbo ya Kusini sheria iliwatenga. Kwenye gari la moshi walikuwa na behewa lao, mara nyingi lililo baya. Kwenye basi walikaa nyuma, na Mzungu akikosa nafasi waliamriwa kusimama. Wengi walihamia miji ya Kaskazini kutafuta kazi, na Ford aliandika watu weusi wengi kuliko wenziwe wenye viwanda vya motokaa, ijapokuwa wengi wao walipewa kazi nzito za moto na chuma. Mwalimu mweusi au fundi mweusi aliyepata motokaa yake alikuwa amepata kiti ambacho hakuna wa kumwondoa. Aliweza kwenda kuwatazama wazee wake Kusini bila kupanda behewa la kutengwa.

Walakini njiani bado aliweza kunyimwa kitanda, chakula, hata petroli. Kwa hiyo mwaka 1936 Victor Hugo Green, mpeleka barua wa Harlem mjini New York, alianza kutoa kitabu kidogo kilichoorodhesha nyumba za wageni, hoteli na gereji ambako msafiri mweusi atapokewa vema. Kitabu hicho kilitolewa kwa muda wa miaka thelathini hivi. Na tarehe 5 Desemba 1955, watu weusi wa mji wa Montgomery, katika jimbo la Alabama, walipokataa kupanda mabasi ya mji baada ya Bibi Rosa Parks kukamatwa kwa kutoondoka kitini, ni motokaa zao wenyewe zilizowasaidia. Motokaa zipatazo 300, za wachungaji, walimu na wenye maduka, zilichukua wapishi na wafua nguo kwenda kazini na kurudi, na wengine wakaenda kwa miguu, kwa muda wa siku 381, mpaka mahakama kuu ya nchi ikaondoa sheria ile ya kutengana. Twaona hapa kwamba motokaa ya mtu wa kati iliweza kumchukua pia mwenziwe aliyekuwa bado chini ya ngazi.

Basi tusisahau heshima, maana ndiyo iliyomwangusha Ford mwenyewe. Model T ilipotoka, mwenye motokaa yo yote alikuwa bwana, kwa sababu jirani yake alikuwa na miguu yake au farasi wake tu. Lakini miaka ilipopita, kila jirani akawa na Model T, na zote zilikuwa nyeusi, maana tangu 1914 mpaka 1925 Ford hakutaka kuzipaka rangi nyingine. Watu wakaanza kuzitungia mizaha. Wakati huo kampuni ya General Motors, chini ya Alfred Sloan, ilifanya motokaa za daraja mbalimbali, kwanza Chevrolet, na juu yake nyingine na nyingine mpaka Cadillac, ili mtu ajuaye kwamba amepanda cheo apate motokaa ya kuwaonyesha wenziwe. Tena mwaka 1919 kampuni hiyo ilianzisha idara ya kuwakopesha wanunuzi. Kufika katikati ya miaka ya 1920, karibu motokaa tatu katika kila nne zilinunuliwa kwa kulipa kidogo kidogo.

Ford hakupenda mikopo. Mwaka 1923 alijaribu njia yake, kwamba mtu aweke dola 5 kila juma mpaka bei itimie, kisha achukue motokaa. Ford alimwambia mtu, weka akiba, halafu panda. Wenziwe walimwambia, panda, halafu lipa. Haikuwa taabu kujua watu wataitikia sauti ipi. Mwaka 1927 Model T ikakoma.

Hiyo njia ya kuweka akiba kila juma ilifufuka katika Ujerumani, na mwisho wake ulikuwa mchungu zaidi. Mwaka 1934 serikali ya Hitler ilimtaka fundi Ferdinand Porsche afanye motokaa ya watu wote, Volkswagen, itakayouzwa kwa bei isiyofika marki 1,000. Mwezi wa Mei 1938 liliwekwa jiwe la msingi la kiwanda karibu na Fallersleben, na katika mwaka huo huo watu wakaalikwa kuweka akiba. Kila mtu alipewa kadi, akanunua stempu za marki 5 kila juma na kuzibandika. Kadi zikijaa na bei ya marki 990 ikitimia, atapewa motokaa yake. Haba na haba hujaza kibaba, nao Wajerumani ni watu wa akiba. Wapata 336,000 walijiandikia.

Kibaba kilijaa, lakini hakikurudi kwa wenyewe. Vita vilianza mwezi wa Septemba 1939, na kiwanda kikafanya magari ya jeshi, kikitumia maelfu ya mateka na watu waliochukuliwa kwa nguvu kutoka nchi nyingine. Katika wote wale waliobandika stempu hapana hata mmoja aliyepata motokaa aliyoahidiwa. Mwaka 1961, baada ya kesi iliyochukua miaka mingi, waliobaki walikubaliana na kampuni kwamba wapunguziwe kiasi cha marki 600 wakinunua motokaa mpya, au wapewe marki 100 taslimu.

Twaweza kudhani kwamba motokaa ile ingalikufa pamoja na serikali iliyoitaka. Haikufa. Mwaka 1945 kiwanda kilichobomolewa na mabomu kiliangukia mikononi mwa jeshi la Waingereza, na afisa mmoja, Meja Ivan Hirst, alikiamsha tena ili kifanye magari ya watumishi wa jeshi. Katika miaka ya 1950 kazi zilijaa katika Ujerumani ya Magharibi, ujira ukapanda, na fundi ambaye zamani alibandika stempu sasa alilipa kwa fedha ya mshahara wake. Mwezi wa Agosti 1955 ilitoka motokaa ya milioni moja, na mwezi wa Februari 1972 hesabu yake ikaipita ile ya Model T. Twapenda wasikilizaji wetu waliangalie neno hili kwa makini. Motokaa ilikuwa ile ile, umbo lile lile la mgongo wa kobe. Chini ya ahadi tupu haikumpandisha mtu hata kidato kimoja. Palipopatikana kazi ya amani na mshahara wa kutosha, ikawapandisha mamilioni.

Sasa na turudi Bara Hindi. Baada ya uhuru wa mwaka 1947, serikali ya India ilizuia sana viwanda, ikaamua nani afanye nini na kwa kiasi gani. Motokaa iliyojulikana kuliko zote ilikuwa Ambassador, iliyofanywa kwa kigezo cha Morris Oxford ya Uingereza, nayo ilitengenezwa karibu na Calcutta tangu miaka ya 1950 mpaka mwaka 2014. Mtu wa kati aliyetaka motokaa alilipa arabuni, akangoja miaka. Badiliko la kwanza lilikuja mwezi wa Desemba 1983, ilipotoka motokaa ndogo ya Maruti, kwa ushirika wa serikali na Suzuki ya Japani, kwa bei iliyopungua rupia 50,000. Tangu mwaka 1991 serikali ililegeza masharti yake ya biashara. Kazi mpya zikatokea mijini, mabenki yakakopesha, na jamaa nyingi zikapanda kutoka baisikeli mpaka skuta. Ni hao waliokuwa juu ya skuta ndio Bwana Tata aliowaona katika mvua.

Mafundi wake walifanya kazi ya kusifiwa. Nano ilikuwa na urefu wa mita 3 na kidogo, na uzito wa kilo 600 hivi. Injini yake, iliyokuwa nyuma, ilikuwa na silinda 2 tu. Ilikuwa na waipa moja ya kufutia mvua, na gurudumu lake lilifungwa kwa nati 3 badala ya 4. Kila kipande kilipimwa: je, chaweza kupunguzwa bila kumdhuru mtu? Laki moja ndiyo iliyokuwa bei ya kiwandani ya ile ya chini kabisa. Ukiongeza kodi na gharama, ilizidi.

Taabu ya kwanza ilitokea katika ardhi. Kampuni ilichagua kujenga kiwanda Singur, katika Bengali ya Magharibi, na serikali ya jimbo ikatwaa mwaka 2006 karibu ekari 1,000 za mashamba. Sheria iliyotumika ilikuwa ile ya mwaka 1894, iliyotungwa wakati wa utawala wa Kiingereza. Wakulima wengi walipokea fidia, lakini wengine walikataa katakata, wakisema kwamba mpunga na viazi vya shamba lile ndiyo mali yao yote. Bibi Mamata Banerjee, kiongozi wa chama cha upinzani, alifunga kula kwa muda wa siku 25 kwa ajili yao. Ghasia zilizidi hata mwezi wa Oktoba 2008 Bwana Tata akaondoka Singur na kiwanda kilichokuwa karibu kwisha, akahamia Sanand katika jimbo la Gujarat. Mwaka 2011 Bibi Banerjee aliishinda serikali ile iliyokuwa imetawala jimbo kwa miaka 34, na mwaka 2016 Mahakama Kuu ya India ikahukumu kwamba ardhi ilitwaliwa kinyume cha sheria, irudishwe kwa wenyewe.

Hatutaki kusema kwamba upande mmoja ulikuwa na haki yote. Mkulima wa Singur alitakiwa kushuka ili mwenye skuta apande, naye hakuulizwa vya kutosha. Lakini vijana wa Singur waliotumaini kazi katika kiwanda kile walipoteza pia, na ardhi iliporudi ilikuwa imefunikwa kwa zege mahali pengi. Kipando cha mtu wa kati kina gharama isiyoandikwa katika bei, na daima yuko mtu anayeilipa.

Nano ilianza kuuzwa mwaka 2009. Maombi zaidi ya 200,000 yaliletwa upesi, ikabidi wanunuzi 100,000 wa kwanza wachaguliwe kwa kura. Ilionekana kwamba Bwana Tata ameshinda. Halafu joto likapoa. Kiwanda cha Sanand kilifunguliwa mwaka 2010, nacho kilijengwa kiweze kufanya motokaa 250,000 kwa mwaka. Katika mwaka wake bora Nano zilizouzwa hazikufika 75,000. Mwezi wa Novemba 2010 ziliuzwa 509 tu katika nchi nzima. Mwaka 2018 kazi yake ikakoma.

Sababu zilikuwa nyingi. Kuhamia Gujarat kulichelewesha kazi. Motokaa chache zilishika moto, na habari zikaenea. Bei ilipanda. Lakini iko sababu moja ambayo Bwana Tata mwenyewe aliikiri baadaye, kwamba ilikuwa kosa kuitangaza kuwa motokaa rahisi kuliko zote. Tuifikiri hali ya karani yule wa skuta. Miaka mingi amejinyima, ili siku moja majirani wasimame milangoni waone motokaa ikisimama mbele ya nyumba yake. Siku hiyo ni kama siku ya arusi. Je, atapenda kila jirani ajue, kwa kuliona umbo lake tu, kwamba amenunua ile ambayo chini yake hakuna nyingine? Atakuwa amelipa laki moja na zaidi, na alichonunua ni tangazo la umaskini wake. Basi karani alikaa na skuta yake mwaka mmoja tena, au akanunua Maruti iliyokwisha tumiwa, ambayo ilikuwa na jina zuri na vipuri vyake vilipatikana katika kila mtaa.

Wazee wetu walisema kwamba rahisi huvunja upishi. Nano haikuwa motokaa mbovu, bali neno rahisi ndilo lililoivunja. Na hapa twaona jinsi habari za Delhi zinavyokutana na zile za Detroit, maana ni heshima iliyoiondoa Model T mwaka 1927, na ni heshima iliyoiondoa Nano mwaka 2018. Tofauti ni kwamba Ford alipata miaka karibu ishirini kabla ya majirani kuanza kucheka, naye Bwana Tata hakupata hata miwili.

Na kwetu je? Afrika Mashariki haijapata motokaa yake ya laki moja, lakini watu wa kati wetu wamejitafutia njia wenyewe. Meli zatua Mombasa na Dar es Salaam zikiwa na motokaa zilizokwisha tumiwa Japani, nchi ambayo, kama zetu, hupita upande wa kushoto wa barabara, hata usukani hauna haja ya kubadilishwa. Kenya imeweka sheria ya kutopokea motokaa iliyozidi miaka minane. Nchi jirani zina masharti na kodi zake. Mwalimu au muuguzi anayenunua Toyota ya namna hiyo afanya hesabu ile ile aliyoifanya karani wa India, kwamba kitu kilichozeeka chenye jina jema ni afadhali kuliko kipya chenye jina la unyonge. Tusimcheke kwa hiyo. Historia inaonyesha kwamba watu wa nchi kubwa walihesabu hivyo hivyo.

Hata hivyo, jioni ya mvua, katika Kisumu au Mwanza au Kampala, bado twaiona jamaa ile ya Bwana Tata, baba na mama wameketi juu ya bodaboda, na mtoto katikati amefunikwa kwa kanga iliyolowa. Mtu akija kesho na kuwaahidi watu hawa motokaa rahisi, tumsikilize, lakini tumwulize maswali matatu ambayo Detroit, Fallersleben na Singur zimetufundisha. Mshahara wa kuinunua na kuitia mafuta utatoka wapi? Shamba la nani litachukuliwa? Na mtu huyu atakapoiegesha mbele ya nyumba yake, je, atainua kichwa?

Bwana Ratan Tata alifariki tarehe 9 Oktoba 2024. Wengi waliomlilia hawakuwa na Nano, wala hawakupata kuitaka; lakini waliikumbuka skuta ile katika mvua, kwa sababu wao wenyewe, au wazazi wao, ndio waliokuwa juu yake.